Mkoko Upi? Historia ya Majina ya Miti ya Maji Chumvi katika Pwani ya Mtwara na Maingilio ya Mto Ruvuma

Ikisiri

Makala haya yanachunguza mabadiliko ya maana ya neno mkoko na majina yanayohusiana nalo, hususani mkandaa, katika pwani ya kusini ya Tanzania. Hoja kuu ni kwamba neno lililotaja mti mmoja limepanuliwa na biashara, utawala wa misitu na uhifadhi hadi kutaja msitu mzima, na kwamba upanuzi huo umeficha tofauti ambazo jamii za pwani zilizitunza katika majina. Ulinganisho unafanywa na neno bakawan la Ufilipino, ambalo lina mgawanyiko wa maana kama huo. Makala yanahitimisha kwamba suala hili si la kamusi pekee: linamhusu mwanahistoria anayesoma nyaraka, na linamhusu mfasiri wa sheria katika kipindi hiki ambacho sheria za nchi zinaandikwa kwa Kiswahili.

1.0 Utangulizi

Katika nyaraka za misitu za Tanzania, neno mikoko hutaja miti yote inayoota mahali ambapo maji ya bahari hupwa na kujaa. Katika Kiswahili cha watu wanaoishi kwa kukata nguzo, kuvua na kuunda vyombo, mkoko ni mti mmoja tu miongoni mwa miti hiyo, nao ndio ule wenye mizizi inayoshuka kutoka shinani kama magongo, ambao wanasayansi huuita Rhizophora mucronata. Matumizi yote mawili ni sahihi. Hata hivyo, hayakuzaliwa wakati mmoja wala hayakuzaliwa na watu wamoja, na yanapotumiwa katika waraka mmoja bila kutenganishwa huleta utata ambao haujapewa uzito unaostahili katika uandishi wa historia ya pwani ya kusini.

Eneo linalozingatiwa ni pwani inayoanzia Mikindani na Mtwara, kupitia Msimbati, hadi Mto Ruvuma unapoingia baharini. Hapa majina ya miti yamekita hata katika majina ya mahali. Ghuba ya Mnazi imebeba jina la mti, na masimulizi ya wenyeji hulihusisha jina la Mikindani na mikinda, yaani minazi michanga. Katika pwani ya namna hii, kuuliza mti fulani unaitwaje ni kuuliza pia nani aliutumia, kwa kazi gani, na kwa idhini ya nani.

2.0 Msitu mmoja, majina mengi

Kiswahili cha pwani hakina uhaba wa majina ya miti ya maji chumvi. Mpia, ambao upande wa Kenya huitwa mlilana, huota upande wa bahari na kuvumilia kufunikwa na maji kwa muda mrefu. Nyuma yake hufuata mkoko, kisha msinzi na mkandaa. Mchu hupatikana karibu na nchi kavu penye chumvi nyingi, na pia huweza kuonekana tena upande wa bahari. Mkomafi, kikandaa na msikundazi hukamilisha orodha ya miti inayotajwa mara kwa mara.

Majina haya yanabeba maarifa ya kazi. Mkoko, msinzi na mkandaa hutoa nguzo zilizonyooka. Mpia hutafutwa na mafundi wa vyombo kwa ajili ya mataruma, kwa kuwa matawi yake yamepinda kiasili. Msikundazi umetumika kwa milingoti. Mchu umetumika kwa kuni, ikiwamo kuchomea chokaa. Zaidi ya hayo, majina yanatenganisha miti kwa jinsi inavyostahimili shoka. Mchu ukikatwa huchipua tena kutoka kisikini. Mkoko ukikatwa shina lake chini ya matawi yenye majani kwa kawaida hufa. Kwa hiyo, mtu anayesema "wamekata mchu" na mtu anayesema "wamekata mkoko" wanaeleza matukio mawili yenye matokeo tofauti kwa msitu. Anayesema "wamekata mikoko" hajaeleza ni lipi kati ya hayo mawili limetokea.

Ikumbukwe pia kwamba neno mkoko limevuka mipaka ya ufukwe. Usemi kwamba mkoko umealika maua hutumika jambo linapopamba moto. Katika mazungumzo ya mitaani mijini, mkoko ni gari, hasa gari la kifahari. Maana hizi zinaonesha uhai wa neno, lakini hazileti utata wowote, kwa sababu muktadha huzitenga mara moja. Utata halisi upo kati ya maana mbili zinazokaribiana sana kiasi kwamba msomaji hatambui kuwa amehama kutoka moja kwenda nyingine: mkoko kama mti, na mikoko kama msitu.

3.0 Nguzo na ganda: majina ya sokoni

Biashara ya miti kutoka Afrika Mashariki kwenda Ghuba ya Uajemi ni ya kale. Katika karne ya 10, mwanajiografia Al-Istakhri aliandika kwamba nyumba za bandari ya Siraf zilijengwa kwa msaji na kwa mbao zilizoletwa kutoka nchi ya Zanj. Katika karne zilizofuata, nguzo za miti ya maji chumvi kutoka Lamu, delta ya Rufiji na sehemu nyingine za pwani zilisafirishwa kwa majahazi kwenda Arabuni, ambako miti mirefu ya kujengea ilikuwa adimu. Athari yake imebaki katika majengo. Vyumba vya nyumba za mawe za Waswahili ni vyembamba, aghalabu vya upana usiozidi mita 3, kwa kuwa upana huo ulipimwa na urefu wa boriti iliyoweza kubeba dari.

Sokoni, hata hivyo, jina la mti halikuwa jambo la kwanza. Nguzo ziligawanywa kwa unene: fito, pau, mazio, boriti, nguzo. Boriti ingeweza kuwa ya mkoko, ya msinzi au ya mkandaa. Kwa mnunuzi wa Arabuni tofauti hiyo ilikuwa ndogo ikilinganishwa na kipimo. Hapa ndipo hatua ya kwanza ya kufifia kwa majina inapoonekana. Kumbukumbu za biashara hutuachia idadi ya korija za nguzo, yaani mafungu ya nguzo ishirini ishirini, na hazituelezi ni miti ipi iliyopungua msituni.

Ganda lilikuwa na historia tofauti. Mkandaa ulijulikana kwa rangi nyekundu iliyoiva inayotokana na ganda lake, iliyotumika kutia rangi na kuimarisha nyavu, matanga na ngozi. Chini ya utawala wa Wajerumani, ganda la miti hii kutoka delta ya Rufiji lilipelekwa Ulaya kwa ajili ya viwanda vya ngozi. Katika nyaraka za biashara hiyo bidhaa iliandikwa kama ganda la mikoko kwa ujumla, ingawa kwa mtumiaji wa pwani ganda la mkandaa na la mchu si kitu kimoja. Mwanahistoria anayejumlisha takwimu za ganda bila kuuliza swali hili anahesabu asichokijua.

4.0 Dola na neno moja

Wageni waliofika katika maingilio ya Ruvuma waliuona msitu huu zaidi kama kizuizi. Mwezi Machi 1866, David Livingstone alifika mlangoni mwa mto akiwa na ngamia wa safari yake. Alipokosa mahali pafaapo pa kuwashushia, alirudi kaskazini na kutua katika Ghuba ya Mikindani, ndipo akaanza safari ya bara. Mahali ambapo mwenyeji aliona mkondo wa kupitisha mtumbwi kati ya mpia na mkoko, mgeni aliona ukuta mmoja wa miti na tope.

Mtazamo huo wa ukuta mmoja uliingia katika utawala. Sheria ya kulinda misitu ya mwaka 1904 ya Afrika Mashariki ya Kijerumani iliipa serikali uwezo wa kutenga misitu ya akiba, na misitu ya maji chumvi ilikuwa miongoni mwa misitu iliyovutia mamlaka mapema kwa sababu ya mapato yake. Katika kipindi cha Waingereza, misitu hiyo ya Tanganyika ilihesabiwa kuwa hifadhi ya serikali kuanzia mwaka 1928. Afisa wa misitu alihitaji neno moja litakalotenga eneo lote kwenye ramani, na neno lililopatikana katika Kiswahili lilikuwa mikoko.

Mto Ruvuma wenyewe unatoa ushahidi wa ziada. Msitu wa maingilio yake umegawanywa na mpaka wa kikoloni, na mpaka huo haukutulia. Pembetatu ya Kionga, kusini mwa mto, ilitwaliwa na Wajerumani mwaka 1894, ikakaliwa na Wareno mwaka 1916 katika Vita Kuu, na kukabidhiwa rasmi kwa Ureno katika makubaliano ya mwaka 1919. Hivyo, miti ileile iliandikwa kwa Kijerumani, kisha kwa Kireno, huku ng'ambo ikiandikwa kwa Kiingereza. Kila lugha ya utawala ilikuwa na neno lake moja la jumla. Hakuna iliyokuwa na sababu ya kiofisi ya kutenga mkandaa na msinzi.

Baada ya uhuru mkondo huo uliendelea, ingawa kwa malengo tofauti. Mwaka 1987 serikali ilipiga marufuku ukataji wa mikoko. Mwaka 1991 ulikamilika mpango wa usimamizi uliosimamiwa na Profesa Adelaida Semesi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambao ulikadiria misitu hiyo ya Tanzania Bara kuwa takriban hekta 115,500. Mpango huo unastahili kutajwa hapa kwa sababu ulirejea kwenye miti mmojammoja: uliorodhesha aina na kuzigawa sehemu za msitu kulingana na hali yake, badala ya kuichukulia mikoko kama kitu kimoja. Mwaka 2000 ilianzishwa Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, chini ya sheria ya mwaka 1994 ya hifadhi za bahari na maeneo tengefu. Tangu hapo, wakazi wa vijiji vilivyomo wamekutana na neno mikoko kama neno la masharti na vibali.

5.0 Ulinganisho: bakawan na tagal

Hali hii si ya Afrika Mashariki pekee. Katika Kitagalogi, lugha ya Ufilipino, neno bakawan hutaja miti ya jenasi ya Rhizophora, ambayo ni ndugu wa mkoko wetu. Neno hilohilo hutumika pia kutaja misitu yote ya maji chumvi. Wafilipino, kama Waswahili, wana majina mengine mengi ya miti ya msitu huo, lakini katika lugha ya miradi na ya umma bakawan limekuwa mwavuli.

Matokeo yake yameandikwa. Misitu hiyo ya Ufilipino ilikadiriwa kuwa kati ya hekta 400,000 na 500,000 mwaka 1918, na kufikia takriban hekta 120,000 katikati ya miaka ya 1990, sababu mojawapo kubwa ikiwa ni mabwawa ya samaki. Juhudi za kupanda upya zilipoanza, mara nyingi zilipanda bakawan, kwa kuwa mche wake huota ukiwa bado juu ya mti mama, ni mrefu kama fimbo, na huchomekwa topeni kwa urahisi. Mwaka 2008, watafiti J. H. Primavera na J. M. A. Esteban walionesha kwamba sehemu kubwa ya miche hiyo ilikufa, kwa sababu ilipandwa upande wa bahari, mahali ambapo kiasili huota miti ya jamii ya mpia na mchu. Makala haya hayadai kwamba neno ndilo lililoua miche. Yanachodai ni kwamba pale neno moja linaposimama kwa mti na kwa msitu, ni rahisi kuamini kwamba kuupanda mti huo ni kuurudisha msitu.

Uhusiano wa pwani hizi mbili upo pia ndani ya jina la kisayansi. Mkandaa huitwa Ceriops tagal. Sehemu ya pili ya jina hilo imetoka Ufilipino, na iliingia katika elimu ya mimea mwaka 1824 kupitia mtaalamu wa Kifaransa, Perrottet. Huko mti huo huitwa tangal, na ganda lake, kama ganda la mkandaa, limetumika kwa rangi. Kwa hiyo, mwanafunzi anayeandika jina la kitaalamu la mti wa Msimbati anaandika, bila kujua, kumbukumbu ya pwani nyingine ambayo nayo iliujua mti kwa ganda lake. Jina linalodhaniwa kuwa la watu wote lilianza kama jina la watu fulani, mahali fulani.

6.0 Hitimisho

Mjadala huu umeonesha kwamba maana pana ya mikoko ilijengwa hatua kwa hatua: soko liligawa nguzo kwa kipimo, wauza ganda walijumlisha maganda, na dola ikahitaji neno moja la ramani. Kila hatua ilikuwa na mantiki yake. Kilichopotea katika hatua zote ni uwezo wa waraka kusema ni mti upi.

Kutokana na hayo, yapo mambo mawili ya kuzingatiwa. La kwanza ni la mbinu. Mtafiti wa historia ya mazingira ya pwani ya kusini hana budi kuuliza, kila anapokutana na mikoko katika kumbukumbu, mkoko upi, na kutafuta jibu katika majina yaliyobaki vinywani mwa wakataji, mafundi wa vyombo na wavuvi kabla hayajafifia.

La pili ni la wakati huu. Mwaka 2021 Bunge la Tanzania lilibadili sheria na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 na ile ya hifadhi za bahari ziliandikwa kwa Kiingereza, na mfasiri atakapofika kwenye neno la jumla la Kiingereza, mkono wake utaandika mikoko. Neno hilo likibaki peke yake, mkazi wa maingilio ya Ruvuma aliyekata tawi la mchu litakalochipua na yule aliyeangusha mkoko usiochipua watasimama mbele ya hakimu kwa kosa lenye jina moja. Kiswahili kina majina ya kutosha kuepusha jambo hilo. Panatosha tafsiri ya neno mikoko iorodheshe miti inayohusika kwa majina yake: mkoko, mkandaa, msinzi, mchu, mpia, mkomafi, kikandaa na msikundazi. Orodha hiyo haitaongeza hata ukurasa mmoja katika sheria, nayo itarudisha ndani ya maandishi maarifa ambayo pwani haikuyapoteza.