Deni Lililopanda Meli

Tarehe 4 Machi 1859, wasafiri Waingereza Richard Burton na John Speke walirejea Unguja kutoka bara. Walikuwa wameondoka Juni 1857 pamoja na ras kafila wao (kiongozi wa msafara), Said bin Salim Al-Lamki, askari wa Kibaluchi 13 waliotolewa na Sayyid Majid, mtawala wa Unguja, na watumwa 10 wa Ramji, karani wa Kibanyani katika forodha ya Ladha Damji. Walifika Ujiji, na Speke akaliona Ziwa Nyanza. Walirudi na homa mwilini na fedha kiduchu mkononi, huku watu wao wakisubiri malipo.

Mengi yaliahidiwa kwa mdomo, na mwenye ahadi, konsuli wa Uingereza Atkins Hamerton, alifariki Julai 1857, msafara ukiwa ndiyo kwanza umeanza. Said alisema aliahidiwa riale 1,000 na saa ya dhahabu. Ramji alikuwa amepokea riale 300 za miezi sita, 30 kwa kila mtumwa, na safari ikavuka miezi 20. Wabaluchi nao walitaraji tuzo yao.

Burton alikataa. Alisema tuzo ilitegemea utumishi mwema, na hawa walikuwa wakaidi. Tarehe 22 Machi akapanda meli na kwenda zake.

Siku 18 alizokaa mjini zingetosha kulimaliza shauri. Konsuli mpya, Christopher Rigby, ndiye aliyekuwa mwamuzi wa Waingereza waliokuwapo Unguja. Said alikuwepo, Ramji alikuwepo, Burton mwenyewe alikuwepo. Meli ilipong'oa nanga, wadai walibaki na konsuli asiyeweza tena kumwita mdaiwa mbele yake. Kilichobaki ni kuandika barua.

Rigby aliiandika tarehe 15 Julai, kwa serikali ya Bombay. Kutoka huko shauri lilipelekwa London, na Novemba Burton akatakiwa kujieleza. Kufikia hapo alikuwa amekosana na Speke, naye Speke akasimama upande wa Rigby. Dai la ujira likachanganyika na uhasama wa mabwana. Wale watumwa 10 waliobeba bunduki na kutembea na msafara hawakuulizwa neno. Hata lilipotajwa deni lao, mdai alikuwa Ramji.

Januari 1860 ulitoka uamuzi wa Charles Wood, waziri wa mambo ya India. Hakupima nani alikuwa mkaidi na nani mtiifu. Alisema Burton alijua kuwa anadaiwa, hivyo ilimpasa asitoke Unguja kabla ya kuyafikisha madai kwa konsuli yakaamuliwe, hasa kwa kuwa watu hao walipatikana kwa msaada wa wakuu wa Kiingereza. Angefanya hivyo, jina la serikali lisingechafuka, na suluhu ingegharimu kidogo. Burton hakuridhika: mwaka huohuo alizichapisha barua zote mwishoni mwa kitabu chake cha safari.

Adhabu ilikuwa karipio la maandishi tu. Lakini Agosti 1860 Speke aliporudi Unguja kwa safari nyingine, watu aliowaajiri walilipwa ujira wa mwaka mzima kabla ya kuvuka kwenda bara, na makubaliano yao yakaandikwa mbele ya Rigby. Safari hii watu hao hawakuambiwa wangojee ahadi ya mtu anayeweza kufa au kupanda meli.