Migogoro ya urejeshaji wa mikopo ya elimu ya juu nchini Tanzania

'''Migogoro ya urejeshaji wa mikopo ya elimu ya juu''' ni mabishano ya kisheria kati ya wahitimu waliosomeshwa kwa mkopo wa serikali, waajiri wao na Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu, inayojulikana kwa kifupi HESLB. Mabishano hayo huhusu kiwango cha makato, tozo zilizoongezwa juu ya deni, na fedha zilizokatwa kwenye mshahara bila kufikishwa kwenye Bodi.

== Historia ==
Mikopo ilianza kutolewa mwaka wa masomo 1994/1995 kupitia wizara. Bodi iliundwa kwa Sheria Na. 9 ya mwaka 2004 na kuanza kazi Julai 2005. Mbali na kutoa mikopo mipya, ilipewa jukumu la kukusanya madeni ya tangu 1994.

== Kiwango cha makato na tozo ==
Awali mwajiriwa alikatwa asilimia 8 ya mshahara. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2016 yalipandisha kiwango hadi asilimia 15. Kwa mshahara wa shilingi 700,000, makato yalitoka 56,000 na kufika 105,000 kwa mwezi. Wadaiwa na vyama vya wafanyakazi walilalamika kwamba waliokopa kabla ya mabadiliko hayo walibanwa na masharti ambayo hawakuyakubali wakati wa kukopa. Hoja ya upande wa pili ni kwamba marejesho ndiyo yanayosomesha wanafunzi wanaofuata.

Deni liliongezwa pia tozo ya asilimia 6 kwa mwaka ya kulinda thamani ya mkopo, pamoja na adhabu ya asilimia 10 kwa waliochelewa kulipa. Rais Samia Suluhu Hassan alitangaza kufutwa kwa tozo ya asilimia 6 katika sherehe za Mei Mosi 2021 jijini Mwanza. Adhabu ya asilimia 10 nayo iliondolewa mwaka huohuo.

Nchini Kenya, suala kama hilo lilifika mahakamani. Mwaka 2022 Mahakama Kuu iliamua kwamba riba na adhabu zinazotozwa na bodi ya mikopo ya nchi hiyo zisizidi kiasi cha mkopo wenyewe.

== Makato yasiyofikishwa ==
Sheria inamtaka mwajiri kuitaarifu Bodi ndani ya siku 28 anapoajiri mhitimu, kukata marejesho, na kuyawasilisha ndani ya siku 15 baada ya mwezi kwisha. Asipowasilisha, mfanyakazi huona mshahara umepungua huku deni likibaki palepale. Hapo hati za mshahara ndizo ushahidi wake mkuu kwamba fedha zilikatwa, hivyo ni vema kuzitunza zote na kuzilinganisha na taarifa ya deni inayotolewa na Bodi.

== Hali mkoani Rukwa ==
Sumbawanga na vijiji vya uwanda wa juu wa Ufipa vina walimu wengi waliosoma kwa mkopo. Mwalimu wa serikali hukatwa kupitia mfumo wa mishahara wa serikali. Wa shule binafsi humtegemea mwenye shule kuwasilisha fedha. Ofisi ya kanda ya Bodi iko Mbeya, safari ya zaidi ya kilomita 300 kupitia Tunduma.

Mgogoro na mwajiri binafsi unaweza kupelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo ina ofisi Sumbawanga. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 hairuhusu makato yasiyo na msingi wa kisheria au ridhaa ya maandishi ya mfanyakazi. Malalamiko yasiyohusu kuachishwa kazi hufunguliwa ndani ya siku 60 tangu mgogoro ulipotokea. Anayechelewa hulazimika kwanza kuomba kuongezewa muda. Mji huo pia una masjala ya Mahakama Kuu ya Tanzania.

== Tazama pia ==
* Elimu nchini Tanzania
* Mkoa wa Rukwa