Keya Ilipoasi: Januari 1964 Magogoni

Ukisimama Feri, Dar es Salaam, kusubiri pantoni, Ikulu ya Magogoni iko jirani tu. Usiku wa kuamkia Januari 20, 1964, Rais Julius Nyerere na Makamu wake, Rashidi Kawawa, walitoka humo wakavushwa maji kwenda kujificha Kigamboni. Waliokuwa wakikimbiwa ni askari wao wenyewe.

Batalioni ya Kwanza ya Tanganyika Rifles, iliyokaa kambi ya Colito, barabara ya Bagamoyo, ilikuwa imeasi. Kikosi hicho kilirithiwa kwa mkoloni: hadi Uhuru wa 1961 kilikuwa Batalioni ya 6 ya King's African Rifles, ambayo wazee waliiita Keya. Bendera ilibadilishwa, wakubwa wakabaki walewale. Mwaka 1964 kamanda wa Tanganyika Rifles alikuwa bado Mwingereza, Brigedia Patrick Sholto Douglas, na askari wa kawaida alilipwa shilingi 105 kwa mwezi. Walidai 260, na maofisa Waafrika. Siku nane kabla ya maasi, ng'ambo ya bahari, Mapinduzi yalikuwa yamemng'oa Sultani wa Zanzibar.

Kwangu mimi, madai yale yalikuwa ya haki. Lakini bunduki haichagui: mjini maduka ya Wahindi na Waarabu yaliporwa, na watu wasio na kosa wakafa. Waziri Oscar Kambona ndiye aliyewakabili askari na kuzungumza nao; maofisa Waingereza wakapelekwa Nairobi kwa ndege.

Nyerere alirudi, akatembea mitaani watu wamwone. Kisha akafanya jambo lililomuuma sana: kumwomba Mwingereza msaada. Alfajiri ya Januari 25, makomando kutoka manowari ya Kiingereza, Centaur, walishuka Colito kwa helikopta, na maasi yakaisha asubuhi hiyohiyo. Nyerere mwenyewe alikiri hadharani kwamba ilikuwa fedheha kwa taifa huru.

Keya haikukarabatiwa, ilivunjwa. Askari wa Nigeria walikuja kushika ulinzi, huku vijana wa TANU, chama tawala, wakiandikishwa kwa jeshi jipya, Jeshi la Wananchi wa Tanzania (JWTZ), lililozaliwa Septemba 1, 1964, chini ya Mrisho Sarakikya.

Jina la Colito lilitokana na mapigano ya Keya huko Ethiopia mwaka 1941. Leo kambi inaitwa Lugalo, kwa jina la mahali ambapo Wahehe wa Mtwa Mkwawa waliwashinda Wajerumani Agosti 17, 1891.