Sanduku Jekundu la Alfred Barr

Kama umewahi kufungua kitabu chochote cha historia ya sanaa ya kisasa ya Magharibi, basi umekutana na kazi ya Alfred Barr, hata kama jina lake hulijui. Barr alikuwa mkurugenzi wa kwanza wa Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa ya New York, yale yanayofahamika kama MoMA. Alipewa kazi hiyo mwaka 1929 akiwa na miaka 27 tu. Mwaka 1936 aliandaa maonyesho makubwa ya Kubizimu na sanaa dhahania, na kwenye jalada la kitabu cha maonyesho hayo akachora ukoo. Ndiyo, ukoo, kama anavyochora mzee anayetaka wajukuu wajue nani kamzaa nani.

Juu kabisa ni mwaka 1890, chini kabisa ni 1935. Juu wamekaa mababu: Cézanne, Seurat, Gauguin, Van Gogh. Mishale inateremka kutoka kwao, inazaa Kubizimu, Futurizimu na ndugu zao wengine, mpaka chini kabisa ambako kila kitu kinaishia kwenye mikondo miwili ya sanaa dhahania. Kila mtoto wa ukoo huu ana mji wake na mwaka wake. Kubizimu: Paris, 1906 hadi 1908. Futurizimu: Milan, 1910. Suprematizimu: Moscow, 1913. Halafu kuna visanduku vichache vyenye rangi nyekundu, mambo yaliyoingia kutoka nje ya ukoo: picha za chapa za Kijapani, sanaa ya Mashariki ya Karibu, uzuri wa mashine, na kimoja kilichoandikwa, kwa lugha ya enzi zile, sanamu za Weusi. Mshale unatoka humo kwenda Fovizimu na mwingine kwenda Kubizimu. Sanduku hilo halina mji, halina mwaka, na wala halina mtu ndani yake.

Nina tabia moja ambayo marafiki zangu wa vitabu wanaicheka. Nikishika kitabu kipya cha historia ya sanaa siangalii picha kwanza. Naenda nyuma kwenye faharasa kutafuta Afrika imewekwa wapi, kisha naifuata ukurasa kwa ukurasa. Mara nyingi naikuta palepale Barr alipoiacha: inatokea Paris karibu na mwaka 1906, inatoa mshale wake, basi, haionekani tena.

Sasa, tusimwonee Barr. Mwaka ule wa 1936 alikuwa anatetea kitu kilichokuwa hatarini kweli. Wanazi walikuwa wanawafukuza wachoraji wa kisasa kazini, Stalin naye alikuwa amewabana wa kwake. Hata Marekani kwenyewe, maofisa wa forodha wa New York walizuia sanamu 19 zilizotoka Ulaya kwa ajili ya maonyesho yake, kwa hoja kwamba hazifanani na kiumbe wala kitu chochote, kwa hiyo kisheria si sanaa. Mtu aliye katika hali hiyo anahitaji ukoo. Anataka kuonyesha kwamba huyu mtoto mnayemwita haramu ana baba na babu wanaojulikana. Zaidi ya hayo, mwaka mmoja kabla, 1935, MoMA hiyohiyo ilikuwa imefanya maonyesho ya sanaa ya Afrika yenye vitu zaidi ya 600, na mpiga picha Walker Evans akapewa kazi ya kuvipiga picha. Barr alijua uzito wa kile alichokiweka sandukuni. Ila kwenye ukoo wake hakikupata nafasi nyingine zaidi ya ile ya mgeni aliyepita.

Chanzo cha tatizo ni cha zamani kuliko yeye. Kitabu kinachotajwa kama mwanzo wa fani hii, kile cha Giorgio Vasari kilichotoka Florence mwaka 1550, ni mkusanyiko wa maisha ya watu: fulani alizaliwa hapa, akafundishwa na fulani, akagombana na fulani, akafa. Tangu hapo historia ya sanaa ya Ulaya imejengwa kwa majina, na asiye na jina huwa hajulikani awekwe wapi. E. H. Gombrich, katika The Story of Art ya mwaka 1950, kitabu kilichouzwa nakala milioni kadhaa na ambacho binafsi nakipenda kwa jinsi kinavyozungumza na msomaji bila maringo, ana kichwa cha shaba cha mtawala wa Ife. Ni kazi ya miaka mia nyingi baada ya Kristo, ya kiwango cha kumnyamazisha mtu. Ameiweka wapi? Katika sura ya kwanza, pamoja na michoro ya mapangoni ya watu wa kale. Toleo hilo la 1950 halikuwa na msanii mwanamke hata mmoja pia, na kile kitabu kinene cha H. W. Janson cha 1962 kilifuata mtindo uleule. Ilibidi Linda Nochlin aandike insha yake ya mwaka 1971, akiuliza kwa nini hakuna wasanii wakubwa wanawake, ndipo watu waanze kupekua kumbukumbu kutafuta walikokuwa. Na walipopekua waliwakuta.

Kitabu ninachokirudia zaidi kuliko vyote hivi ni kidogo na cha ajabu: Negerplastik cha Carl Einstein, kilichotoka Leipzig mwaka 1915, wakati wa vita. Einstein (si yule wa fizikia) alikuwa Mjerumani wa kwanza, na kwa kweli mmoja wa wazungu wa kwanza, kuandika kitabu kizima kinachozichukulia sanamu za Kiafrika kama sanaa na si kama ushahidi wa ushenzi. Hoja yake ni kwamba wachongaji hawa walikuwa wameshalitatua tatizo ambalo wachoraji wa Paris ndio kwanza wanahangaika nalo: namna ya kuweka ujazo wa kitu mbele ya macho mara moja, bila kumtegemea mtazamaji akizunguke. Kwa mwaka 1915 ni maneno makubwa.

Halafu unafika kwenye picha. Zaidi ya picha mia moja, na chini yake hakuna neno. Hakuna kabila, hakuna nchi, hakuna nani alichonga wala ya nini. Wapo wanaosema alifanya makusudi, ili jicho liangalie umbo tu bila kuzuiwa na maelezo ya wanaethnografia. Naielewa hoja hiyo, na sikubaliani nayo kabisa. Picha ya Picasso nayo ina umbo, lakini hakuna aliyewahi kuichapisha bila jina ili jicho lipumzike. Einstein mwenyewe nadhani aliliona pengo, maana kitabu chake cha pili kuhusu sanamu hizi, cha 1921, kinajitahidi kusema kitu gani kimetoka wapi. Mwisho wake ulikuwa wa huzuni: mwaka 1940, akiwakimbia Wanazi kusini mwa Ufaransa, alijiua.

Na Picasso je? Hapa ndipo vitabu vinapogombana kwa raha. Turubai lake la mwaka 1907, Les Demoiselles d'Avignon, lina wanawake watano, na wawili wa upande wa kulia wana nyuso zinazofanana na vinyago. MoMA ililipata mwaka 1939 na Barr akalifanya mlango wa karne nzima. Lakini mwaka 1920, jarida moja la Paris lilipomuuliza Picasso maoni yake kuhusu sanaa ya Weusi, alijibu kwamba hata haijui. Ati haijui! Baadaye akamsimulia André Malraux jinsi alivyoingia kwenye makumbusho ya Trocadéro, yananuka, akataka kutoka lakini akabaki, na vinyago vikambadilisha. Mimi naamini alikuwa anaficha mwaka 1920 na anatia chumvi baadaye, lakini kila mwandishi huchagua lile linalomfaa.

Mwaka 1984 William Rubin wa MoMA aliandaa maonyesho makubwa yaliyoweka kazi za kisasa sambamba na za kile alichokiita sanaa ya kikabila, na kitabu chake cha juzuu mbili kinatetea kwamba kilichopo baina yake ni zaidi undugu wa fikra kuliko kunakili. Mhakiki Thomas McEvilley akamjibu katika jarida la Artforum, na jibu lile bado ni moto. Moja ya malalamiko yake lilikuwa dogo na la kuuma: kazi za wazungu zina tarehe, za wengine hazina. Miaka 48 baada ya jalada la Barr, sanduku lilikuwa bado halijaandikwa mwaka.

Utasema, basi, kama majina hayajulikani, mwandishi afanyeje? Hebu tumtazame Olowe wa Ise, mchongaji wa Kiyoruba aliyefariki karibu na mwaka 1938. Kati ya 1910 na 1914, miaka ileile Picasso na Braque wanapasuapasua magitaa na chupa kwenye turubai, Olowe alichonga milango ya jumba la mfalme wa Ikere, sura zikichomoza kutoka kwenye ubao kana kwamba zinataka kutoka. Milango ilionyeshwa Wembley mwaka 1924, na Waingereza wakaitaka kwa British Museum. Mfalme hakutaka kuuza, akakubali kubadilishana na kiti cha enzi kilichotengenezwa Uingereza. London waliipata milango, na jina la mchongaji likachukua miaka mingi kuzoeleka vitabuni. Lakini nyumbani halikuwahi kupotea. Miaka ya 1980 mmoja wa wake zake alikuwa bado hai, na alipoombwa akaimba oriki, yaani majigambo na sifa za mumewe, jina, kazi na wafalme aliowafanyia. Kumbukumbu ilikuwepo, ilikuwa kwenye kinywa, na waandishi wa historia ya sanaa walikuwa wanatafuta kwenye karatasi.

Kwa hiyo mtu akiniuliza asome nini sasa, namtajia kitabu cha Suzanne Preston Blier cha mwaka 2019 kuhusu hilo turubai la Picasso. Blier ni mtaalamu wa sanaa ya Afrika kwanza, na inaonekana. Anaonyesha kwamba huenda Picasso hakutegemea kabati za makumbusho peke yake, alikuwa pia na kitabu mbele yake: kile cha Leo Frobenius cha 1898 kuhusu vinyago na jamii za siri za Afrika, chenye michoro. Si kila mtu amekubali, na zipo kurasa ambazo mimi naona anavuta uzi kupita kiasi. Lakini kwa mara moja kinyago kinaingia kwenye simulizi kikiwa na watu nyuma yake na mahali kilipotoka.

Na kwa sisi wa huku, kuna turubai jingine la kutafutwa katika hazina ya MoMA hiyohiyo. Lina saini ya Sam Ntiro, Mchagga aliyesoma Makerere na kisha Slade kule London, na baadaye akawa balozi wa Tanganyika Uingereza. Alilichora mwaka 1956: wanaume wanatembea usiku, wamebeba pombe ya ndizi kumpelekea bibi harusi. Jina lipo, mwaka upo, mahali panajulikana, hata mbege imetajwa. Katika vitabu vinene vya historia ya sanaa ya kisasa vilivyopita mikononi mwangu sijamkuta bado, na faharasa naendelea kuzisoma kuanzia nyuma.