Galileo Galilei: aliona miezi ya Jupita, akalazimishwa kukana

Kule Baraka, kila mtu anayekula ndagala anajua hesabu ya mwezi. Mwezi ukiwa mkubwa, wavuvi wa taa wanabaki inchi kavu juu taa haivuti tena samaki vizuri. Giza likirudi, ziwa Tanganyika linajaa taa kuelekea Ubwari. Lakini mwezi wenyewe ni kitu gani? Na kwa nini nyota zingine zinahama mahali usiku kwa usiku? Ile maulizo, Mwitalia mmoja njo aliyafatilia kwa macho yake, zaidi ya miaka 400 iliyopita, na alilipa bei kali.

Galileo Galilei alizaliwa Pisa, tarehe 15 Februari 1564. Baba yake, Vincenzo, alikuwa mpiga muziki, na feza nyumbani haikuwa nyingi. Mwaka 1581 kijana aliingia chuo kikuu cha Pisa asomee udaktari, lakini moyo wake ulikuwa kwenye hesabu. Mwaka 1585 aliacha masomo bila diploma. Hata hivyo, miaka minne kisha akawa mwalimu wa hesabu katika chuo kile kile, halafu akafundisha Padua kuanzia 1592 mupaka 1610. Huko alizaa watoto watatu na Marina Gamba, bila ndoa.

Wakati ule watu wengi, hata wenye kusoma sana, waliamini kwamba dunia imesimama katikati, na jua, mwezi na nyota zote zinaizunguka. Nicolaus Copernicus wa Polandi aliandika kinyume, katika kitabu kilichotoka 1543, mwaka wa kifo chake: ni dunia njo inazunguka jua. Ilikuwa hesabu nzuri, lakini nani alikuwa ameona?

Mwaka 1609 habari zikafika kwamba huko Uholanzi mafundi wa malineti wameweka vioo viwili ndani ya bomba, na vitu vya mbali vinaonekana karibu. Galileo hakungoja kuletewa. Alijitengenezea darubini yake. Ile aliyoonyesha wakubwa wa Venice mwezi wa Agosti ilikuza karibu mara 8, na kufika mwisho wa mwaka alikuwa na ya mara 20. Wakubwa waliipenda juu ingewaonyesha meli za adui mapema. Yeye akaigeuza kuelekea mbinguni.

Kwenye mwezi aliona milima na mabonde. Walimu walikuwa wanafundisha kwamba vitu vya mbinguni ni laini kabisa, havina kasoro. Galileo aliona vilele vimeshapata jua wakati chini bado ni giza, sawa vile asubuhi milima ya nyuma ya Fizi inapata mwanga mbele ya mabonde.

Halafu ikaja Jupita, ile Waswahili wa pwani wanaita Mshtarii. Usiku wa tarehe 7 Januari 1610, aliona nyota ndogo tatu karibu yake, zimejipanga mstari mmoja: mbili upande wa mashariki, moja magharibi. Kesho yake zote tatu zilikuwa magharibi. Tarehe 10 alikuta mbili tu, tena mashariki. Tarehe 13 zikawa nne. Kila usiku alichora alichokiona, na hapa njo kuna uzito wa kazi yake, juu kuona mara moja kila mtu anaweza. Zilikuwa miezi minne inayozunguka Jupita. Leo inaitwa Io, Europa, Ganymede na Callisto. Io inamaliza mzunguko kwa siku moja na saa 18 hivi, Callisto karibu siku 17. Basi si kila kitu kinazunguka dunia. Kitabu chake kilitoka mwezi wa Machi mwaka ule ule, nakala 550.

Mwisho wa 1610 aliona pia kwamba Zuhura, ile nyota ya asubuhi, inakua na kupungua sawa mwezi. Kwa namna alivyoiona ikibadilika, lazima inazunguka jua.

Shida ikaanza kanisani. Katika Biblia, Yoshua aliambia jua lisimame. Basi, wapinzani wakasema, jua njo linatembea. Mwaka 1616 Roma ilisimamisha kitabu cha Copernicus, na Galileo akaonywa aache fundisho lile. Mwaka 1632 alitoa kitabu kingine, na si kwa Kilatini cha wasomi. Alikiandika kwa Kiitalia, luga ya watu wa kawaida. Akaitwa Roma. Tarehe 22 Juni 1633, akiwa na miaka 69, alipiga magoti akasoma kwa sauti kwamba anakana. Wengine wanasimulia kwamba aliposimama alinong'ona kuwa dunia inatembea tu. Ni hadisi tamu, lakini hakuna ushahidi.

Alifungiwa nyumbani, Arcetri, karibu na Florence, mupaka kufa. Binti yake Maria Celeste, mtawa aliyekuwa anamwandikia barua, alikufa 1634. Macho yakazimika. Hata hivyo, mwaka 1638 kitabu chake juu ya mwendo wa vitu kilichapishwa Leiden, Uholanzi. Alikufa tarehe 8 Januari 1642.

Si kwamba hakukosea. Alisema kujaa na kupwa kwa bahari kunaletwa na mwendo wa dunia, akacheka waliotaja mwezi. Wao njo walikuwa na haki. Kanisa nalo lilitoa kitabu chake kwenye orodha ya vilivyokatazwa mwaka 1835, na mwaka 1992 Papa Yohane Paulo II alikubali wazi kwamba waamuzi walikosea.

Mwenye darubini ya macho mawili, hata ya kawaida, anaweza kuona ile miezi minne akiwa Baraka: aiegemeze ukutani isitikisike, aelekeze kwa Jupita. Kwa milima ya mwezi, asingoje mwezi mkubwa. Nusu mwezi ni bora, juu vivuli ni virefu. Ila jua, asiliangalie hata kidogo kwa darubini: linaharibu macho kabisa.