Max Steiner na Muziki Usioonekana Mpigaji

Max Steiner alipotua New York mwishoni mwa 1914 alikuwa, kwa maelezo yake mwenyewe, na dola 32 mfukoni. Alizaliwa Vienna mwaka 1888, katika ukoo wa watu wa jukwaani. Babu yake ndiye aliyeendesha Theater an der Wien, jumba lililozipa umaarufu opereta za Johann Strauss mdogo. Vita vilimkuta London akifanya kazi. Kwa kuwa alikuwa Mwaustria, Uingereza ikamhesabu adui, naye akavuka bahari.

Broadway ilimpokea kama kibarua wa nota. Alinakili, akapanga vyombo kwa ajili ya nyimbo za wengine, akaongoza okestra kwenye maonyesho ya kina Jerome Kern na George Gershwin. Miaka 15 ya namna hiyo hutajwa kwa haraka na waandishi wengi, nami naona wanakosea. Humo ndimo alimojifunza kuufuatisha muziki na hatua ya mchezaji, pumzi kwa pumzi.

Mwaka 1929 studio ya RKO ilimwita Hollywood. Filamu bubu zilikuwa zimezoea kupigiwa piano ukumbini, lakini filamu za sauti zilipoingia, wakubwa wa studio waliingiwa na hofu: mtazamaji akisikia fidla katikati ya jangwa, si atauliza mpigaji yuko wapi? Basi muziki ukabaki mwanzoni na mwishoni, au pale tu bendi ilipoonekana.

Kisha akaja sokwe. Kong wa filamu ya King Kong (1933) alikuwa mwanasesere mwenye kiunzi cha chuma na ngozi ya manyoya, kimo chake kama nusu mita, akisogezwa kidogo kidogo mbele ya kamera. Studio, iliyokwisha kutumia fedha nyingi, ilimtaka Steiner aokoteze muziki wa filamu za zamani. Merian C. Cooper, mmoja wa waongozaji, akamwambia atunge mpya, gharama ataibeba yeye.

Steiner alitunga kwa subira ya ajabu. Baada ya ufunguzi, sehemu ya New York inapita bila muziki wowote. Meli inapoingia kwenye ukungu karibu na kisiwa anakoishi Kong, ndipo kinubi na nyuzi zinapoanza chinichini, na tangu hapo hakuna anayeuliza mpigaji yuko wapi. Chifu wa kisiwa anaposhuka ngazi, okestra inashuka naye hatua kwa hatua. Huyo ni fundi wa Broadway.

Kong mwenyewe alipewa nota tatu tu zinazoshuka. Mwanzoni tarumbeta nzito zinazitoa kwa kishindo, na mtu hujikunja kitini. Juu ya jengo la Empire State, ndege zikimzunguka na damu ikimtoka, nota hizo hizo zinarudi zimelainika, na ukumbi mzima unamlilia mwanasesere.