Kalamashaka na Ploti za Dandora

Habari za Kalamashaka husimuliwa kama za kundi la rap lililovuma mapema na kufifia mapema: vijana watatu wa mtaa wa Dandora jijini Nairobi, Kamaa, Oteraw na Johny Vigeti, wimbo wa "Tafsiri Hii" uliotamba redioni mwishoni mwa miaka ya 1990, albamu ya "Ni Wakati" mwaka 2001, kisha wengine wakaja wakalichukua soko. Masimulizi hayo si ya uongo, ila kipimo chake kina kasoro. Kundi hili lilikuwa zaidi ya bendi ya kuuza kanda. Lilikuwa asasi ya mtaa, iliyokua jinsi mtaa wenyewe ulivyokua, na ukitaka kujua kama lilifaulu, tazama waliopitia mikononi mwake.

Dandora haikuota yenyewe kama uyoga. Katika miaka ya 1970, Halmashauri ya Jiji ilitumia mkopo wa Benki ya Dunia kupima ploti zipatazo 6,000 pembezoni mwa Nairobi. Aliyegawiwa ploti hakukabidhiwa nyumba. Alipewa kipande cha ardhi chenye choo, bafu na maji ya bomba, vyumba akajijengee kadiri ya mfuko wake. Wengi walijenga vyumba vinavyotazamana uani, wakaishi kimoja na kupangisha vilivyobaki. Wapangaji wa makabila mbalimbali wakawa wanateka maji kwenye bomba moja, na watoto wao wakakua wakitaniana na kugombana kwa Kiswahili na Sheng, lugha ya mtaani ya Nairobi. Ng'ambo ya nyumba hizo lipo jaa kuu la taka la jiji. Mwaka 2007 Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa lilitoa matokeo ya kupima watoto 328 wa maeneo hayo: nusu yao walikuwa na madini ya risasi katika damu kwa kiwango cha hatari. Mtu akiuliza kwa nini mashairi ya Kalamashaka yalikuwa na uchungu, jibu lilikuwa linafuka moshi hapo jirani.

Uamuzi mzito wa kundi hilo ulikuwa wa lugha. Redio ya Capital FM, iliyoanza kurusha matangazo mwaka 1996, ilizungumza Kiingereza, na kijana aliyetaka kuonekana rapa wa maana aliiga lafudhi ya Marekani. Kalamashaka walishika Kiswahili cha mtaani na kukitia vina. Atakayepinga atasema Dar es Salaam ilitangulia: rapa Saleh J alikwisha kurap kwa Kiswahili tangu 1991, na mwenzake Mr. II alikuwa na jina kubwa kabla Dandora haijasikika. Ni kweli, na deni hilo halifai kufichwa. Lakini Tanzania Kiswahili kilikuwa lugha ya serikali, ya bunge na ya shule ya msingi, kwa hiyo kurap nacho hakukumtenga mtu na wakubwa. Nairobi ajira nzuri na heshima vilipatikana kwa Kiingereza. Aliyepanda jukwaani na Kiswahili cha Dandora alikuwa ametangaza yuko upande gani, hata kabla ya kufika ubeti wa pili.

Msimamo huo ulidhihirika zaidi katika jina la kambi iliyowakusanya wasanii chipukizi kando ya kundi hilo: Mau Mau, jina la wapiganaji wa uhuru wa Kenya. Wakati wanajiita hivyo, marufuku ya wakoloni dhidi ya Mau Mau ilikuwa bado kwenye vitabu vya sheria za Kenya huru; iliondolewa mwaka 2003, baada ya Rais Moi kuondoka madarakani. Sanamu ya Dedan Kimathi, kiongozi wa Mau Mau, ilisimamishwa katikati ya jiji mwaka 2007. Vijana wa Dandora waliwaenzi wapiganaji hao mapema kuliko dola. Kambi ikaungana na kundi la Ukoo Flani la Mombasa, na muungano huo ukatoa albamu ya "Dandora Burning" mwaka 2006.

Hoja nzito zaidi dhidi ya Kalamashaka ni ya soko. Studio za Ogopa na Calif Records zilijaza vilabu na matatu kwa mitindo ya kapuka na genge, ilhali Kalamashaka hawakutajirika, na mradi wa "Kilio cha Haki" wa 2004, uliowakutanisha wasanii wengi wa Eastlands, mitaa ya mashariki mwa Nairobi, ulitegemea msaada wa Waholanzi. Yote hayo ni kweli. Hata hivyo Calif yenyewe ilitoka Eastlands, na wasanii wake Jua Cali na Nonini waliimba Sheng mbele ya wasikilizaji waliokwisha kuzoea kusikia lugha ya mtaani redioni. Kutoka kambi ya Mau Mau alitokea rapa Juliani, aliyetoa "Mtaa Mentality" mwaka 2008 na baadaye akaanzisha Dandora Hip Hop City ili kulea vijana wengine. Kalamashaka walifanya kazi kama ile ploti: waliweka bomba na choo, vyumba wakajenga waliokuja nyuma. Utaratibu huo haumpi mwanzilishi kodi, na hilo ni dhuluma ambayo tasnia ya muziki ya Kenya haijairekebisha. Lakini umaskini wa mwanzilishi si ushahidi kwamba alishindwa. Mwanahistoria anayehesabu albamu za Kalamashaka peke yake atapata moja na kuwaita wa msimu. Akihesabu wasanii waliolelewa kambini na waliopita njia iliyofunguliwa hapo, atalazimika kuanzia Dandora sura nzima ya muziki wa Nairobi.